Kuinama ili Kuona: Tathmini ya Kazi za Agnès Varda

Utangulizi

Si jambo la kawaida kwa jarida la chuo cha theolojia kutenga kurasa zake kwa ajili ya mtengenezaji wa filamu. Sisi wachungaji tumezoea kuitazama filamu kwa namna mbili tu: ama ni chombo cha uinjilisti, kinachopelekwa kijijini pamoja na jenereta na shuka jeupe, ama ni mlango ambamo vijana wetu hupotelea. Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba iko njia ya tatu, yaani kuisoma filamu kama tunavyosoma kitabu cha mtu aliyefikiri kwa makini, tukimpa haki yake anapofaulu na kumhoji anapokosea.

Niliyemchagua ni Agnès Varda, Mfaransa aliyezaliwa Ubelgiji, aliyefariki dunia mjini Paris tarehe 29 Machi 2019 akiwa na umri wa miaka 90. Hakuwa mwanatheolojia, wala filamu zake hazihubiri. Hata hivyo, kwa zaidi ya miaka sitini alishughulika na swali ambalo kila mchungaji hukutana nalo kizingitini pa kila nyumba anayoitembelea: nimtazame namna gani mtu huyu bila kumnyang'anya utu wake?

Kwangu mimi swali hili si la vitabuni. Miaka kadhaa iliyopita, nilipokuwa nikihudumu katika usharika mmoja wa vijijini, nilimpiga picha bibi mmoja mjane akipokea blanketi. Picha ile iliwekwa katika taarifa ya mradi, ikasifiwa sana. Siku moja baada ya ibada bibi yule alinishika mkono mlangoni pa kanisa akaniuliza, "Baba Mchungaji, ile picha yangu ilikwenda wapi?" Nilijua ilikokwenda. Lakini sikuweza kumwambia usoni kwamba uso wake ulitumika kuombea fedha, na kwamba chini ya picha hapakuandikwa jina lake bali neno "mhitaji". Nimezitazama kazi za Varda nikiwa na swali la bibi huyo moyoni, na msomaji ataona alama yake katika hukumu zangu.

Safari yake kwa ufupi

Varda alizaliwa tarehe 30 Mei 1928 huko Ixelles, katika mji wa Brussels. Baba yake alikuwa Myunani na mama yake Mfaransa. Vita ilipoingia mwaka 1940 familia ilikimbilia Sète, mji wa bandari kusini mwa Ufaransa, ikaishi katika mashua. Baadaye alijifunza upigaji picha mjini Paris, akawa mpiga picha wa jumba la tamthilia la taifa lililoongozwa na Jean Vilar.

Mwaka 1954, pasipo kupita katika chuo cha filamu wala kutumika chini ya bwana yeyote wa kazi hiyo, alirudi Sète akatengeneza filamu yake ya kwanza, La Pointe Courte, iliyopewa jina la mtaa wa wavuvi. Waigizaji wawili walicheza kama mume na mke ambao ndoa yao imeyumba. Wavuvi wenyewe walijionyesha walivyo, pamoja na nyavu zao na ugomvi wao na wakaguzi wa serikali. Fedha zilikuwa chache, akaunda kampuni yake mwenyewe. Kampuni hiyo, iliyokuja kujulikana kwa jina la Ciné-Tamaris, ilikuwa ngao yake maisha yote. Wahakiki wengi huihesabu filamu hiyo kuwa mtangulizi wa kundi la watengenezaji filamu wa Ufaransa lililoitwa Wimbi Jipya.

Mwaka 1962 alitoa Cléo de 5 à 7, inayomfuata mwimbaji wa kike anayesubiri majibu ya hospitali kuhusu saratani. Mwaka 1963 alitoa Salut les Cubains, iliyoundwa kwa picha alizopiga kisiwani Kuba. Mwaka 1968 alikuwa Kalifornia akirekodi madai ya Wamarekani weusi wa chama cha Black Panthers. Mwaka 1985 alipata Simba wa Dhahabu, tuzo kuu ya Venice. Na mwaka 2003, akiwa na miaka 75, umri ambao wengi wetu tumekwisha kustaafu, alianza maisha mengine kama msanii wa kumbi za maonyesho. Mtu huyu aliyebadilisha vyombo vya kazi mara tatu hakubadilisha swali lake.

Urefu wa waya

Mfano wa kwanza ninaotaka kuuchambua ni filamu ya katikati ya miaka ya 1970 iitwayo Daguerréotypes. Wakati huo Varda alikuwa na mtoto mdogo na hakuweza kusafiri. Basi alichukua umeme kutoka nyumbani kwake katika barabara ya Daguerre, Paris, akavuta waya wenye urefu wa meta 90, na kuazimia kwamba hatapiga picha mahali ambapo waya huo haufiki. Ndani ya mpaka huo aliwakuta mwoka mikate, muuza nyama, fundi cherehani, msusi, na wazee wawili wenye duka la manukato. Aliwauliza maswali mepesi: ulitoka wapi, ulikutanaje na mwenzako, unaota ndoto gani?

Wahenga walisema fimbo ya mbali haiui nyoka. Varda aligundua kwamba hata jicho la mbali halioni mtu. Kizuizi kilichotokana na malezi kiligeuka kuwa nidhamu ya kazi. Wanafunzi wetu wanaolalamika kwamba wamepangiwa mtaa mdogo wenye waumini wachache wangefaidika kuitazama filamu hii, maana usharika nao ni waya wenye urefu maalumu. Mchungaji hakuitwa kuupenda ulimwengu kwa jumla. Ameitwa kwa watu ambao waya wake unawafikia, na ni lazima ajue wanaota nini.

Udhaifu wa filamu hii nao usifichwe. Wenye maduka wanaonekana kwa upole mwingi mno, kana kwamba mtaa ule haukuwa na deni, ulevi wala chuki. Ukaribu unaweza kuzaa adabu ya jirani anayechelea kusema lililo kweli. Hatari hii tunaijua vizuri sisi tunaohubiri makaburini.

Masazo

Kazi iliyompa Varda nafasi ya pekee ni Les Glaneurs et la glaneuse ya mwaka 2000. Lugha yetu haitenganishi jinsia, kwa hiyo sharti jina hilo lifafanuliwe: ni waokotaji wengi wa masazo, pamoja na mwokotaji mmoja mwanamke. Huyo mmoja ni Varda mwenyewe, anayeokota sura za watu kwa kamera ndogo ya kidijitali inayoshikika kwa mkono mmoja.

Filamu inaanzia katika mchoro wa Jean-François Millet wa mwaka 1857, unaoonyesha wanawake watatu walioinama shambani baada ya mavuno. Kisha inauliza: ni nani anayeinama leo? Jibu linatupeleka kwenye mashamba ambako viazi vilivyo vikubwa mno au vyenye umbo lisilopendwa sokoni humwagwa kwa malori, na watu huja na mifuko kuviokota. Linatupeleka Burgundy, nchi ya mizabibu, ambako wenye mali hukataza kuokota. Linatupeleka pia sokoni Paris, saa ambayo wauzaji wameondoka na wenye njaa wamebaki. Wakili aliyevaa joho anasimama katikati ya shamba la mboga akieleza sheria, na tunaambiwa kwamba ruhusa ya kuokota masazo iliwekwa na amri ya mfalme tangu mwaka 1554.

Msomaji wa jarida hili amekwisha kuona ninakoelekea. Kabla ya mfalme yeyote wa Ufaransa, sura ya 19 ya Mambo ya Walawi ilimkataza mwenye shamba kuvuna hadi pembeni, na sura ya 24 ya Kumbukumbu la Torati ikataja mgeni, yatima na mjane. Ruthu Mmoabi alisimama juu ya sheria hiyo alipoingia katika shamba la Boazi. Jambo ambalo mahubiri yetu mara nyingi hulisahau ni kwamba masazo hayakuwa sadaka. Mwenye shamba hakutoa, bali alizuiwa kuchukua. Aliyeokota hakupaswa kushukuru mbele ya watu, wala kupigwa picha akipokea. Alifanya kazi, akainama kwa mgongo wake, akaenda zake na chakula chake.

Filamu ya Varda inalifahamu jambo hili kuliko taarifa zetu nyingi za diakonia. Watu wake hawaonyeshwi wakinyoosha mikono. Wanaonyeshwa wakichagua, wakikosoa, wakicheka, wakieleza namna ya kupika. Mmoja wao, msomi mwenye shahada, hula mboga anazookota sokoni, na jioni huwafundisha wahamiaji, wengi wao kutoka Mali na Senegal, kusoma na kuandika bila malipo. Varda anamfuata kimya hadi darasani. Tuliyedhani ni mpokeaji anakuwa mwalimu. Hapa ndipo tunapokumbuka fundisho la Luther huko Heidelberg mwaka 1518, kwamba mwanatheolojia wa msalaba hulitaja jambo jinsi lilivyo, na kwamba Mungu hupatikana pale ambapo jicho la utukufu halitarajii kutazama.

Neno la yule mwalimu

Sasa nije kwenye hoja iliyo ngumu. Ndani ya filamu hiyohiyo Varda anageuza kamera na kuupiga picha mkono wake mwenyewe wenye mabaka ya uzee, na nywele zake zenye mvi. Anaiokota saa mbovu isiyo na mishale, naye anafurahi kwamba haionyeshi wakati unavyopita. Anaviona viazi vyenye umbo la moyo, anavipeleka nyumbani. Wapo wahakiki wanaosifu sehemu hizo kuliko zote. Wanasema anajishusha hadi kuwa mmoja wa waokotaji.

Mimi sikushawishika, na nina shahidi. Mwaka 2002 Varda alitoa filamu nyingine, Deux ans après, maana yake miaka miwili baadaye, ambamo aliwarudia watu aliowapiga picha. Yule mwalimu wa jioni alimwambia wazi kwamba filamu ilikuwa nzuri, lakini zile sehemu alizojionyesha yeye mwenyewe hazikuwa za lazima. Naye Varda aliliacha neno hilo ndani ya filamu.

Naona mwalimu yule alisema kweli. Uzee ni umaskini wa namna fulani, lakini si njaa. Anayeokota kwa kupenda na anayeokota kwa kukosa hawainami kwa mgongo mmoja. Tukisema haraka kwamba sisi sote ni maskini mbele za Mungu, kauli ambayo ni ya kweli, tunaweza kuitumia kumfunika yule ambaye ni maskini mbele ya duka. Luther katika maandishi yake ya mwisho ya mwaka 1546 alituita sote ombaomba. Alisema hivyo kuhusu namna tunavyosimama mbele ya Neno la Mungu, wala hakukusudia tumwambie hivyo mtu asiye na chakula cha jioni.

Lakini pia naona kwamba ni watengenezaji wachache wa picha ambao wangeliacha neno la namna hiyo lisikike, na hapo ndipo ulipo uzito wa kimaadili wa kazi hii. Varda alirudi, aliuliza, na alikubali kukosolewa na mtu ambaye aliwahi kuuchukua uso wake. Mimi niliulizwa swali moja na mjane mlangoni pa kanisa, nikanyamaza.

Viti kumi na vinne

Kuhusu kazi zake za kumbi za maonyesho nina maoni mawili yanayopingana. Mwaka 2003, katika maonyesho makubwa ya Venice, alipanga skrini tatu za viazi vinavyochipua, na sakafuni akamwaga viazi halisi vya kilo 700, naye mwenyewe akavaa vazi la kiazi. Watu walifurahi. Mimi nauliza: viazi ambavyo jana vilikuwa chakula cha mtu vimekuwaje mapambo? Najua jibu litakalotolewa, kwamba hata kule Bethania kulikuwa na mtu aliyelalamikia marhamu. Lakini habari ya Bethania tusiitumie kuwanyamazisha wote wanaowauliza wenye uwezo habari za maskini. Marhamu ile ilimwagwa kwa ajili ya mmoja aliyekuwa akienda kufa. Viazi vya Venice vilimwagwa kwa ajili ya watazamaji.

Tofauti kabisa ni kazi yake ya mwaka 2005 kuhusu wajane wa kisiwa cha Noirmoutier. Katikati ipo picha kubwa ya wanawake waliovaa nguo nyeusi pwani, na kuizunguka zipo picha ndogo 14. Kila moja ni ya mjane mmoja akieleza maisha yake. Varda, aliyefiwa na mumewe, mtengenezaji filamu Jacques Demy, mwaka 1990, yumo miongoni mwao. Mbele ya skrini vipo viti 14, na kila kiti kina visikilizio vyake vilivyounganishwa na mjane mmoja tu. Ukikaa, unaweza kuwaona wote, lakini unamsikia mmoja. Ukitaka kumsikia mwingine, huna budi kuinuka na kuhama kiti.

Sijaona mfano bora zaidi wa huduma ya uchungaji uliotoka nje ya kanisa. Mtume Paulo anafundisha katika sura ya 10 ya Waraka kwa Warumi kwamba imani huja kwa kusikia. Jicho hukusanya wengi kwa mara moja na kuwapa jina moja, "wajane". Sikio haliwezi. Hapa Varda alijionea haya jicho lake, akalitiisha chini ya sikio. Na kama yupo aliye kati yao asiyetaka kusema mengi, picha yake hungoja kimya.

Kibanda cha kushindwa

Kazi ya mwisho ninayoitaja ni kibanda alichokijenga mwaka 2006 katika ukumbi mmoja mjini Paris. Miaka arobaini kabla yake, mwaka 1966, filamu yake Les Créatures ilishindwa kuwavuta watazamaji, ingawa ilikuwa na waigizaji mashuhuri, Catherine Deneuve na Michel Piccoli. Varda alizichukua kanda za filamu hiyo akazining'iniza ziwe kuta, na nuru ikapita ndani yake. Alikiita kibanda cha kushindwa.

Anayefundisha habari ya kuhesabiwa haki kwa neema hawezi kupita hapo bila kusimama. Kilichokataliwa hakikufichwa wala kutetewa. Kilipewa nuru nyuma yake. Ila niongeze tahadhari. Kushindwa kwa mtu aliyekwisha kupata jina hupewa ukumbi, na kushindwa kwa yule anayeokota sokoni hakupewi hata kiti. Neema tunayoihubiri haitegemei kwamba mtu amebaki na kitu cha kujengea kibanda. Varda anatupa mfano wa neema hiyo, na mfano huo una mpaka wake.

Hitimisho

Katika filamu yake ya mwaka 2017, Visages Villages, aliyoitengeneza pamoja na msanii kijana JR, iko sehemu inayoonyesha wakibandika picha kubwa ya rafiki yake wa zamani juu ya ngome ya vita iliyoanguka ufukoni. Asubuhi iliyofuata maji ya bahari yalikuwa yameifuta yote. Varda hakuibandika tena. Aliyekuwa ameokota alikubali kuachilia, na hilo ni gumu kwa kila anayeshika kamera, kalamu au mimbari.

Hukumu yangu, basi, ni hii. Alipojitazama mno, Varda aliwaziba watu aliowatafuta. Alipofunga mpaka wa waya wake, alipoinama, aliporudi na alipokaa kusikiliza, alifanya kazi ambayo kanisa lingepaswa kuwa limemfundisha, wala si kujifunza kwake. Ninapendekeza kwamba filamu ya waokotaji wa masazo itazamwe katika masomo yetu ya diakonia pamoja na sura ya 2 ya kitabu cha Ruthu, na kwamba kila mwanafunzi aulizwe ni nani aliyewahi kumpiga picha, na kama aliwahi kumrudia.

Mimi nilirudi, ingawa nilichelewa. Nilitafuta nakala ya picha ile nikampelekea bibi nyumbani kwake. Aliishika karibu na macho, akaitazama kwa muda mrefu, kisha akasema, "Baba Mchungaji, ungeniambia ningevaa kitenge changu cha sikukuu." Nilimwomba radhi, akanikaribisha chai. Wiki iliyofuata alinipelekea habari kwamba kitenge kimekwisha kufuliwa, nami nikaenda na kamera.